Nyama Hupikwa na Baba

Zilikuwa zimebaki wiki tatu niolewe, na nilikuwa sijui kuchemsha nyama.

Najua mtu akisikia hivyo atacheka. Msichana wa miaka ishirini na mmoja, anayejua kuoka mkate, kutia samaki chumvi, kufinyanga madonge ya ini la samaki na kukamua ng'ombe gizani, nyama imshinde? Lakini ndivyo ilivyokuwa, na kwa miezi minane niliyokaa katika nyumba ya kina Eilif, mchumba wangu, hakuna aliyegundua. Siku za kazi tulikula samaki. Jumapili nyama ilipikwa na mama yake Eilif, Mama Petrine, kwa mkono wake mwenyewe, na hakuruhusu mtu kuisogelea sufuria ile. Hata mumewe, Baba Jens, akipita karibu na jiko siku hiyo aliambiwa, "Jens, kaa," naye alikaa. Mimi nilimenya viazi, nikatazama sakafu, nikamshukuru Mungu.

Kisha Jumatano moja ya mwezi wa tatu Mama Petrine akamwagikiwa na mafuta ya moto mkononi.

Jumamosi asubuhi alikuwa kwenye kiti chake cha dirishani, mkono wa kulia umefungwa vitambaa hadi kiwikoni. Akaniambia bila kunitazama:

"Kristine, kesho nyama utapika wewe. Mchungaji na mkewe wanakuja kula. Leo utajaribu, nikuone."

"Mimi, mama?"

"Kwani humu ndani kuna Kristine mwingine?"

Nikaufunga upya mkanda wa aproni, ingawa haukuwa umelegea. Dirisha la jiko lilikuwa na vioo viwili, na katikati ya vioo Mama Petrine alikuwa ametandaza pamba ili upepo usipenye. Nzi mmoja wa mwaka jana alikuwa amelala juu ya pamba ile, mkavu. Kila nilipoosha vyombo nilimtazama nikawaza aliingilia wapi.

Kristine ni jina lililoandikwa na mchungaji aliyenibatiza. Kwetu naitwa Risten. Watu wa ghuba ile niliwaambia kwamba mimi ni yatima wa mji wa pwani ulioteketezwa mwisho wa vita. Vitabu vya kanisa viliungua pamoja na kanisa, kwa hiyo hapakuwa na wa kuulizwa. Kweli ni kwamba nilizaliwa ndani ya hema milimani, kwa Wasami wanaofuga kulungu wa theluji. Shule niliiacha darasa la nne, bweni letu lilipochomwa, na sikurudi tena.

Kwetu mama hashiki sufuria ya nyama. Damu ni ya mama: soseji za damu, mikate ya damu. Maziwa ni yake, na jibini ni yake. Nyama ni ya baba. Anachinja, anachemsha, anagawa. Mama yangu, Mungu amrehemu, alikufa bila kuchemsha hata kipande kimoja, na hakuna aliyemwita mvivu. Huku chini pwani mwanamume akishika upawa atachekwa na gati zima, na mwanamke asiyejua nyama wataanza kumchunguza ametoka wapi. Ndiyo maana nilikuwa naogopa Jumapili kuliko kifo.

"Nyama yenyewe ghalani imekwisha, mama," nilisema, nikiomba hilo liniokoe.

"Basi kimbia kwa jirani ukaombe..."

Mbwa wakabweka uani. Nikasikia kengele ndogo ya sleji, gari la kuteleza juu ya theluji, kisha mtu akakohoa kibarazani. Mara mbili, na ya tatu kaivuta kwa ndani.

Kikohozi kile nilikijua kabla ya kuona uso.

Mlango ukafunguliwa, akaingia baba yangu Niillas, kwa joho lake la buluu lenye tarizi nyekundu na viatu vya manyoya, theluji imemganda kwenye nyusi. Begani kabeba paja la kulungu, mkononi ngozi iliyokunjwa.

"Amani kwa wenye nyumba," alisema kwa Kinorwe chake cha kuvunjikavunjika.

"Mlango! Unatuingizia baridi," Mama Petrine akajibu. "Simama hapo hapo kwenye mkeka. Una nini?"

"Nyama, mama."

"Ya lini?"

"Ya juzi."

"Si ya wizi? Nyinyi watu wa milimani mna mikono mirefu."

Baba hakukasirika. Alishazoea. Akaikunjua ngozi, akaonyesha masikio, maana kwetu hakuna anayeuza ngozi bila masikio. Alama ya mwenye mali imekatwa pale.

Nikaona sikio la kushoto, ncha imekatwa, mapengo mawili upande wa nyuma. Alama yangu. Huyo alikuwa jike langu la pua nyeupe, mjukuu wa kulungu niliyepewa nilipoota jino la kwanza. Zamani baba alikuwa na mia tatu. Mwaka ule mvua iliponyesha katikati ya baridi ikagandia juu ya malisho, walikufa wamesimama, na tukabaki na kumi na tisa. Ndicho kilichonishusha pwani kutafuta kazi. Na kati ya kumi na tisa wale, jike lile ndilo pekee lililokuwa langu.

Baba akanitazama mara moja, haraka, kama mtu anayetazama jua. Kisha akalitazama jiko.

Mimi nikatazama sakafu.

"Bei gani?" Mama Petrine aliuliza.

"Bei tutaongea ikishaiva. Onja kwanza, mama."

"Hah! Ujanja huo." Lakini alipenda. "Haya, kaa hapo kibarazani, mlango nusu wazi nikuone. Kristine, mpe kahawa. Kwenye kikombe kile."

Kikombe kile kilikuwa na msumari wake peke yake nyuma ya mlango. Kilivunjika ukingo siku nyingi, na kiliwekwa kwa ajili ya watu wa milimani na waombaji. Nimekiosha mara ngapi sijui, nikidhani nakiosha cha watu wengine.

Nikammiminia. Baba alitoa kipande cha jibini kavu mfukoni, akakidumbukiza ndani ya kahawa kama alivyofanya maisha yake yote. Nilipoinama kumkabidhi, akasema polepole kwa lugha yetu:

"Umekonda, mwanangu."

Mama Petrine alikuwa hatua sita nyuma yangu.

"Karibu kahawa," nilijibu kwa Kinorwe, kwa sauti ya kumjibu mgeni.

Baba akaitikia kwa kichwa. "Ahsante, dada," alisema.

Dada. Nikarudi jikoni nikiwa sioni ninakokanyaga.

"Unatetemeka nini?" aliuliza Mama Petrine. "Harufu yao? Utazoea. Kata nyama."

Nikashika kisu. Sikujua kiungo kiko wapi. Nilikuwa nimemwona baba akikata mara elfu, lakini kuona si kushika. Kisu kikagonga mfupa, kikateleza.

"Unapasua kuni?" Mama Petrine akauliza. "Ingiza penye maungio. Penye maungio, nimesema! Mama yako hakukufundisha?"

"Alikufa mapema, mama."

"Na aliyekulea naye hakuwahi kula nyama?"

Nikasukumia vipande ndani ya sufuria, nikamwaga maji, nikachochea moto. Maji yakachemka kwa hasira, povu la kijivu likapanda hadi ukingoni. Nikatia chumvi. Halafu, kwa kuchanganyikiwa, nikatia tena.

"Punguza moto," ilisema sauti kutoka kibarazani.

Mama Petrine akageuza shingo. "Nani kakuuliza, mzee?"

"Itakuwa ngumu kama kiatu, mama. Povu nalo litolewe."

"Kunywa kahawa yako."

Povu likamwagika juu ya jiko, likachachatika na kutoa moshi. Nilikuwa na upawa mkononi, sijui niutie wapi. Baba akainuka. Akapita mkeka, akaingia jikoni na viatu vyake vya manyoya, akanyoosha mkono akauchukua upawa.

Nami nikauachia.

Sikufikiri. Mkono wangu ulifanya ulichofanya tangu nikiwa mdogo. Niliuachia, nikasogea upande wa kuni, nikakaa chini kwa kukunja miguu, nikashika birika la kahawa. Baba akasogeza sufuria pembeni mwa moto, akaanza kuondoa povu taratibu, akipiga upawa kwenye ukingo mara moja moja. Kwa muda wa pumzi kumi hivi nilikuwa nyumbani. Nilipumua hadi tumboni.

Ndipo kiti cha dirishani kikalia kwa kusogezwa.

Mama Petrine hakupiga kelele. Alikuwa amesimama, mkono wake mgonjwa kaushika kwa ule mzima.

"Nimekaa na wanawake wa kila aina," alisema polepole. "Wavivu, wachafu, wezi. Sijaona bado mwanamke anayenyang'anywa upawa na mgeni jikoni, akauachia kama kijiti. Hata mwizi angeushikilia kidogo. Simama, Kristine. Huyu ni nani yako?"

Nikatafuta pa kutokea. Mlango wa nje ulikuwa nyuma ya Mama Petrine. Dirisha lilikuwa na vioo viwili na pamba.

Na wakati huo huo ndipo Eilif na baba yake walipoingia kutoka kwenye vichanja vya samaki, mashavu mekundu, mikono inanuka chewa.

"Loo, harufu gani hiyo!" Eilif alisema akivua kofia. Akamwona baba yangu na upawa, akaangua kicheko. "Mama, umeajiri mpishi? Tena mwanamume! Kristine, utafukuzwa kazi hata hujaolewa."

Nilimpenda kwa kicheko kile. Nilipoanza kazi ya chumvi gatini, sikuwa naongea na mtu. Kila asubuhi nilikuta nusu ya mkate wenye asali juu ya pipa langu. Siku tisa nilikuwa sijui ni wa nani. Siku ya kumi nilimkuta anauweka, akashtuka kama mwizi, akasema, "Unakula ukiwa wa mwisho kila siku. Nilitaka leo uwe wa kwanza." Nani angeweza kumwambia ukweli mtu kama huyo na kumpoteza?

Alinitazama pale chini kwenye kuni. Kicheko kikamwishia.

"Kuna nini?"

"Muulize mchumba wako," alisema mama yake.

"Ni baba yangu," nilisema. Maneno yalitoka kwa lugha ya kwetu. Eilif akakunja uso bila kuelewa, ikabidi niyarudie kwa lugha yao, na mara ya pili yalikuwa mazito zaidi. "Huyu ni baba yangu."

Eilif akakaa juu ya sanduku la kuni. "Baba yako aliungua na mji."

"Hakuungua."

"Nililia, Kristine. Uliponisimulia ule moto, nililia, unakumbuka? Na wewe ukanifuta machozi."

"Nakumbuka."

"Miezi minane! Ulidhani mimi ni mtu gani?"

Mimi ni mtu wa kunyamaza. Lakini siku ile nilisikia sauti yangu. "Nilidhani wewe ni mtoto wa mama yako. Kikombe kile kinaning'inia pale tangu hujazaliwa, Eilif. Umewahi kuuliza kwa nini?"

Akageuka kukitazama kile kikombe kibarazani, juu ya benchi, bado kinatoa mvuke.

"Basi," alisema Mama Petrine. "Mzee, taja bei yako uende."

Baba hakugeuka. Alionja supu, akatikisa kichwa kwa sababu ya chumvi, akaongeza maji.

"Haina bei," alisema. "Nilisikia sokoni mwanangu anaolewa na mtu wa pwani. Nikasikia pia kwamba mimi nilikufa." Akacheka kidogo, akakohoa. "Nikasema sawa, maiti haialikwi. Lakini nyama ya harusi ya binti inapikwa na baba yake. Nikaja kama muuzaji. Nilitaka kuona inaingia jikoni, basi, niondoke. Sikujua mtampa yeye aipike." Akanitazama. "Nisamehe. Ulikuwa unaiharibu. Nilishindwa kukaa."

Machozi yalinitoka bila sauti. Eilif aliyaona. Akainuka nusu, mkono ukaja kwangu, kisha akamtazama mama yake, mkono ukabaki hewani.

"Nyama haingoji ugomvi," baba akasema. "Imeiva. Kaeni."

Na ajabu ni kwamba walikaa. Labda ni njaa, labda ni jinsi alivyosema. Alimwaga nyama juu ya ubao wa mkate, akavuta kisu chake kiunoni, akagawa. Kipande laini kwa Mama Petrine, kwa kuwa alikuwa mgonjwa. Kwangu kipande cha kando ya goti, nilichopenda nikiwa mtoto. Kwa Baba Jens. Kisha akachukua mfupa wa mguu wenye uboho, akausukuma mbele ya Eilif pamoja na kisu.

"Huu ni wa mkwe," alisema. "Kama yupo."

Eilif akautazama mfupa, akanitazama mimi. Akashika kisu. Akaugonga. Kisu kikaruka. Akaugonga tena, kipande kikakatika vibaya, uboho ukachanganyika na vibanzi vya mfupa.

"Acha," mama yake alisema. "Eilif, acha upuuzi huo."

Akaugonga mara ya tatu. Jasho lilikuwa limemtoka usoni. Ndipo mkono mwingine ukaja kutoka upande wa pili wa meza, mkono mnene wenye makovu ya nyuzi za kuvulia. Baba Jens, ambaye katika miezi minane sikumsikia akisema maneno mia moja, aliuchukua mfupa uliobaki, akausimamisha, akaugeuza kisu, akapiga pigo moja tu kwa mgongo wa kisu.

Mfupa ukafunguka kwa urefu wake wote. Uboho ukalala ndani mzima, kama mtoto kitandani.

Pigo lile halijifunzwi ukubwani. Baba yangu alilijua, nami nililijua. Baba akamwinamia, akamuuliza kwa lugha yetu, kwa upole:

"Wewe ni wa nani?"

"Jens," alisema Mama Petrine. Sauti yake ilikuwa ya kuomba.

Baba Jens aliweka kisu chini. Alipojibu, maneno yalitoka yakiwa na kutu, yakivunjika, lakini yalikuwa yetu.

"Wa bibi yangu. Kule mtoni. Walinishusha pwani nikiwa na miaka saba."

Eilif alisimama, kiti kikaanguka nyuma yake. "Baba? Umesema nini? Hiyo ni lugha gani? Baba!"

Baba Jens alikuwa analia na kula kwa wakati mmoja, analamba uboho kidoleni.

"Miaka thelathini na moja," Mama Petrine alisema, na hakuwa anasema na yeyote. "Miaka thelathini na moja nimemweka mbali na sufuria. Maana nilijua siku akishika nyama mbele ya watu, itaonekana. Mnadhani napenda kusimama juu ya moto kila Jumapili na mgongo huu? Nani angempa sehemu kwenye boti? Nani angetukodishia gati? Nilimfunika, kwa sababu nilimpenda. Msinitazame hivyo. Nilimpenda!"

Sikuwahi kumhurumia kabla ya hapo. Siku ile nilimhurumia.

Akaja mbele yangu, akanishika kidevu kwa mkono wake mzima. Mkono ulikuwa wa moto.

"Sikiliza, mwanangu. Sitasema neno kwa mtu. Harusi iko palepale. Huyu mzee aende, asirudi. Wewe nitakufundisha nyama mimi mwenyewe, kuanzia leo, hadi mikono yako isahau. Watoto wako watakuwa watu kama watu wengine. Unanielewa? Hii ni zawadi. Mimi hakuna aliyenisaidia."

Na ilikuwa zawadi kweli, ndiyo maana ilinitisha. Angenifukuza, ningelia nikaondoka. Alikuwa ananifungulia chumba, chenye moto na mkate na mtu ninayempenda, halafu afunge mlango na kuziba pamba pande zote.

Nikamtazama Eilif.

Alikuwa mweupe kama chumvi. Akaniinamia, akaninong'oneza, na macho yake yalikuwa yaleyale ya siku ya mkate wa asali.

"Kubali. Kwa sasa tu, Kristine. Mama atapoa. Tutatafuta namna ya kumwona baba yako, hata kwa siri. Siwezi kukukosa. Kubali tu."

"Niite Risten," nilimwambia.

"Nini?"

"Ndilo jina langu. Niite mara moja. Hapa, mbele yao."

Alifungua mdomo. Naapa alikuwa anataka. Nililiona jina likija hadi kwenye meno yake. Lakini mama yake alikohoa, na macho yake yakaenda upande ule, na mdomo ukafungika.

Upande wa pili wa meza Baba Jens alikuwa amenyanyua uso. Alinitazama, yeye mwanamume wa miaka hamsini na tano anayekaa akiambiwa kaa. Alitikisa kichwa tu, kidogo sana, kulia na kushoto, hadi mtu asiyekuwa makini asingeona.

Nikafungua mkanda wa aproni. Nikaikunja mara nne, nikaiweka juu ya kiti. Kidole changu kilikuwa kimevimba kwa maji ya moto, pete ikakataa kutoka, ikabidi niipake mafuta ya supu ndipo ikateleza. Nikaiweka kando ya mfupa.

"Sina chuki, mama," nilimwambia Mama Petrine. "Lakini siwezi kukaa miaka thelathini na moja."

"Utakula nini huko?" aliniuliza, na hakuwa ananitukana. Alikuwa anataka kujua. "Kulungu mnao wangapi? Utakula nini, mjinga wewe?"

Baba alishatoka; nikachukua shali yangu, nikamfuata.

Nje jua lilikuwa kali juu ya theluji, nikafumba macho. Baba alikuwa anamfunga kulungu wake kwenye sleji aliposikia mlango. Eilif alitoka bila koti, bila kofia.

"Mzee wangu," alimwambia baba, akihema. "Nifanye nini? Niambie kitu cha kufanya, nitafanya."

Baba akamaliza fundo lake. Hakuwa na haraka.

"Mbona unaniuliza mimi? Mimi ni maiti." Kisha akamhurumia. "Pasaka tutakuwa kanisani kule juu, wafugaji wote tunashuka hapo kutoka milimani. Watu wanaoana pale. Kwetu mwanamume anayetaka mke huonekana mbele ya sufuria. Anachemsha, anawagawia wazee, wanaonja. Wakimeza, basi."

"Sijui kupika nyama."

"Hata huyu hajui," baba alisema akininyooshea kidole. "Mtakufa njaa nyote wawili."

Eilif alitaka kucheka, akaishia kuufuta uso kwa mkono. Akanitazama. Upepo ulikuwa unampeperusha nywele, na nilitaka kumfunga shali yangu shingoni, ilikuwa imebaki hatua mbili tu. Sikwenda. Naye hakuja. Ndani mama yake aliita jina lake, mara moja, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayemwita kula. Akasimama kidogo. Kisha akarudi ndani, na mlango ukafungwa.

"Nyama ya paja iliyobaki umeiacha?" nilimuuliza baba.

"Nyama ya harusi hairudishwi."

Tulishuka hadi dukani gatini kununua unga na kahawa. Walinitazama nimekaa kwenye sleji pembeni ya mtu wa joho la buluu, wakanong'onezana, na kufikia jioni ghuba nzima ingekuwa inajua. Nilishikilia ukingo wa sleji kwa mikono miwili. Niliwaza milima ile myeupe, hema moja, moshi, kulungu kumi na wanane, baba anayekohoa, na hakuna mkate juu ya pipa. Nikawaza kwamba nimetoka jiko moja nikaenda kufungiwa kwenye baridi. Moyo wangu haukuwa huru hata kidogo. Ulikuwa umebaki kule juu, nyuma ya vioo viwili.

Njia ya kurudi milimani inapita chini ya nyumba yao. Nilijiambia sitageuka. Nilitazama mgongo wa kulungu, nikahesabu hatua zake.

Baba akavuta kamba, sleji ikasimama.

"Unasikia harufu hiyo?"

Nikanusa. Ilikuwa imeshuka na upepo kutoka kwenye bomba la moshi, kali, chungu, ya kuchoma pua. Kule juu dirisha la jiko lilikuwa wazi, lile lisilofunguliwa kamwe, na moshi mweusi ulikuwa unatoka pamoja na vipande vya pamba.

"Mtu anaunguza nyama," baba alisema kwa uchungu wa mpishi. "Paja zuri namna ile! Yule mama amekuwaje?"

"Mama Petrine haunguzi nyama, baba," nilisema.

Akanigeukia. Tukatazamana. Kule juu tukasikia sauti ya Mama Petrine ikipiga kelele, na juu yake sauti nyingine, nene, yenye kutu, ya mtu ambaye kwa miezi minane sikumsikia akipandisha sauti, ikisema kwa lugha ya kwetu, kisha ikirudia kwa Kinorwe ili mwanafunzi wake aelewe:

"Punguza moto! Punguza moto, mwanangu!"